Siku Mbili Karthala: Kiongozi Hodari, Maji Haba

Karthala ni volkano hai yenye kimo cha mita 2,361, na ndiyo inayotawala nusu ya kusini ya Ngazija, kisiwa kikubwa kuliko vyote katika visiwa vya Komoro. Niliupanda mlima huo mwezi wa Agosti, wakati pepo za kusi zimekwisha kukausha njia, kwa safari ya siku mbili na usiku mmoja niliyoiagiza kupitia wakala mmoja wa mjini Moroni ambaye sitamtaja. Malipo yalijumuisha kiongozi wa mlima, wapagazi wawili, mahema, chakula na, kwa mujibu wa karatasi niliyotiliwa saini, maji ya kutosha. Hilo la mwisho nitalirudia mara kadhaa, kwa sababu katika mlima huu maji si kifaa kimoja kati ya vifaa vya safari. Tabia nzima ya mlima inategemea maji, na safari yetu pia nusura iharibiwe na maji.

Nieleze kwanza ninapima kwa kipimo gani. Mimi ni mwalimu wa jiografia huko Unguja, na kwa miaka mingi nimekuwa nikiwachorea wanafunzi mchoro uleule wa volkano ubaoni: magma (mwamba ulioyeyuka) chini, bomba katikati, moshi juu. Bibi yangu mzaa baba alikuwa Mngazija, hivyo utotoni nililisikia jina la Karthala kabla sijalisikia la Kilimanjaro. Sikwenda kutafuta mandhari pekee. Nilikwenda nikitaka kuelezwa mlima na mtu anayeujua, nikiwa nimesimama juu yake. Anayetaka picha za kuweka simuni huenda akairidhia safari hii kwa sababu nyingine, na huenda pia akaudhika na mambo ambayo mimi sikuyajali.

Kufika Ngazija si kazi. Kutoka Dar es Salaam ndege huchukua muda mfupi kuliko basi la kwenda Morogoro, na uwanja wa Hahaya umezungukwa na lava nyeusi kiasi kwamba mgeni huwa ameshakanyaga volkano kabla pasipoti yake haijagongwa mhuri.

Safari ilianza kwa kasoro. Wakala alituahidi gari saa kumi na moja alfajiri, nalo likafika saa moja na nusu asubuhi, dereva akiwa na kisingizio cha mafuta. Saa mbili na nusu zaweza kuonekana kitu kidogo kwa mtu aliyeko mapumzikoni, lakini Karthala hujifunga wingu kabla ya adhuhuri, na anayechelewa kuanza hutembea nusu ya njia ndani ya ukungu mzito asione hata mgongo wa aliye mbele yake. Ndivyo ilivyotupata siku ya kwanza. Kosa hilo nalihesabu juu ya wakala, wala silitii katika hesabu ya kiongozi, ambaye tulimkuta katika kijiji cha Mvouni amekaa barazani amekwisha kufunga mizigo tangu alfajiri.

Kiongozi mwenyewe ni mzee aliyepita miaka sitini, mzaliwa wa Mvouni, aliyeishi Zanzibar miaka kadhaa katika ujana wake, na Kiswahili chake ni kizuri ingawa kinachanganyika na Kingazija kila anapochangamka. Tulimwita Mzee, naye akatuita wanangu tangu hatua ya kwanza. Tulikuwa watatu, walimu sote, na nadhani alitutambua upesi kuwa watu wa maswali, kwa maana hakupoteza muda kutuonyesha maua. Baada ya mwendo wa kama saa nzima kupita migomba na mashamba, alisimama kwenye bonde dogo lenye kingo za mwamba mtupu, akanyamaza, kisha akasema: "Wanangu, sikilizeni. Hapa hamtasikia mto."

Ni kweli. Ngazija haina mto hata mmoja unaotiririka mwaka mzima, ingawa miteremko ya magharibi ya Karthala hupata mvua kubwa mno, ambayo mahali pengine hufikia au kupita milimita 5,000 kwa mwaka, mara tatu ya ile ya Unguja na zaidi. Mzee alitueleza sababu kwa kuokota jiwe. Lilikuwa basalti nyeusi iliyojaa vitundu kama mkate wa kumimina, na ndani yake zikimetameta chembe za kijani za olivini. Lava ya Karthala hutoka katika joto la zaidi ya nyuzi 1,100 za selsiasi, ni nyepesi, hukimbia na kutandaa, na gesi inayotoka ndani yake wakati inapoganda huacha vitundu hivyo. Inapopoa husinyaa na kupasuka; aidha uso wake huganda kwanza huku ndani ikiendelea kutiririka, na ikiisha kupita huacha mapango marefu kama mabomba. Mvua inayoangukia mwamba wa namna hiyo haikai juu. Huzama, husafiri chini kwa chini hadi pwani, na huko huchanganyika na maji ya bahari, ndiyo maana visima vya pwani vina maji ya chumvichumvi na watu wa kisiwa hiki kwa vizazi vingi wametegemea mabirika ya kukingia mvua.

Mmoja wetu aliuliza kwa nini basi Ndzuani, kisiwa cha jirani, kina mito na mabonde ya kijani. Swali hilo lilimfurahisha Mzee. Visiwa hivi havikuzaliwa pamoja: Mayotte ndiyo kongwe zaidi, na Ngazija ndiyo changa. Basalti ya Ndzuani imekaa muda mrefu hata ikaoza na kuwa udongo wa mfinyanzi unaozuia maji, ilhali ya Ngazija ingali mbichi. Alitumia neno hilohilo, "mbichi", na tangu siku ile nimeliiba darasani. Wanasayansi wenyewe bado wanabishana kuhusu chanzo cha mfululizo huu wa volkano. Wapo wanaosema ni mkondo wa joto unaopanda kutoka kina kirefu cha dunia huku bamba la juu likisogea, na wapo wanaoona kuwa ni mipasuko ya zamani ya gamba la dunia inayofunguka upya, jambo linaloihusisha Komoro na Bonde la Ufa letu. Mzee hakuingia katika ubishi huo, na nilipomtajia alisema kwa utulivu kwamba yeye huongoza watu juu ya mlima, si chini yake.

Umbo la Karthala huwadanganya waliozoea picha ya Kilimanjaro au Ol Doinyo Lengai. Huoni umbo la pia lililochongoka. Ni mlima mpana uliolala kama ngao iliyofunikwa, uliojengwa na maelfu ya mimwago ya lava, mmoja juu ya mwingine, na upande wa kusini ndio wenye mteremko mkali zaidi. Kutoka kileleni hushuka kanda mbili za mipasuko, moja kuelekea kaskazini-magharibi na nyingine kuelekea kusini-mashariki hadi rasi ya Badjini. Jambo hili lina uzito kwa mtu anayeishi pale, kwa maana lina maana kwamba moto wa Karthala haulazimiki kupitia kileleni. Mwaka 1860 lava iliyotoka kwenye kaldera, yaani lile shimo pana la kileleni, ilisafiri takriban kilomita 13 ikafika baharini kaskazini ya Moroni. Mwezi wa Aprili 1977 mambo yalikuwa kinyume chake: ufa ulifunguka chini kabisa kwenye ubavu wa kusini-magharibi, karibu na makazi, na lava ikakifunika kijiji cha Singani. Watu walikuwa wamehamishwa, hakuna aliyekufa, lakini nyumba karibu 300 ziliteketea.

Hapa sina budi kuingiza ulinganisho ambao Mzee hakuutoa. Mwaka huohuo wa 1977, mwezi wa Januari, ziwa la lava la Nyiragongo huko Kongo lilipasua kuta za mlima na kumwagika kwa kasi ya gari, likaua watu wengi kabla hawajajua linalowajia. Ndugu zetu wa Goma wameonja tena mwaka 2002 na 2021. Tofauti haiko katika huruma ya mlima. Nyiragongo ulikuwa umehifadhi lava juu, ndani ya kreta, yaani shimo la mdomo wa volkano, kama birika lililotiwa maji kwenye paa, na lava yake ni majimaji kupita kiasi. Kule Singani lava ilipanda kutoka chini kidogo kidogo, ikatembea kwa mwendo ambao mtu mzima anaweza kuutangulia. Lava ya Karthala huharibu mali kuliko inavyoua. Kinachoua watu huko Karthala ni kingine.

Njia kutoka Mvouni hupita mashamba, kisha msitu mnene wenye miti iliyovikwa kuvu na mikangaga, na baada ya hapo miti hufupika ghafla na kuachia vichaka vya erika, jamii ileile inayoota katika ukanda wa juu wa Kilimanjaro. Katika msitu huu huishi bundi mdogo asiyepatikana mahali pengine popote duniani. Hatukumwona, ila usiku tulimsikia. Tulipiga kambi mahali panapoitwa La Convalescence, jina la Kifaransa lililobaki tangu enzi za ukoloni. Mahema yalikuwa mazima, zipu moja tu iligoma. Chakula kilikuwa wali wa nazi, samaki mkavu na pilipili ya ndimu, na wapagazi walipika vizuri kuliko hoteli niliyolala Moroni. Baridi ni kali, na karatasi ya wakala haikusema lolote kuihusu; mwenzetu aliyekuja na shuka la kawaida alilala amevaa kila alichokuwa nacho. Mengine ya kambini hayana haja ya maelezo.

Siku ya pili tuliamka saa tisa usiku ili tufike ukingoni kabla ya wingu, na hapo ndipo safari ilipolipa gharama zake zote. Kaldera ya Karthala ina upana wa kilomita tatu kwa nne. Haikuchimbwa na mlipuko mmoja. Imetokana na kuporomoka mara nyingi, kila magma ilipotoka chini na kuacha paa bila mhimili. Ukisimama ukingoni alfajiri unaona uwanda wa lava ya kijivu na nyeusi, umekunjamana mahali pengine kama kamba zilizolazwa na mahali pengine umevunjikavunjika kuwa mawe makali yanayokula viatu, na katikati yake kuna kreta iitwayo Choungou-Chahalé. Wafaransa wameliandika jina hilo kwa tahajia yao, lakini sikio la Mswahili halihitaji mkalimani: choungou ni chungu. Kaskazini yake kuna chungu kingine kidogo, Choungou-Chagnoumeni, kilichofumuka katika mlipuko wa mwaka 1918.

Mzee alituketisha, akaomba mpagazi amimine kahawa, kisha akaanza kusimulia hicho chungu kikubwa. Nimesoma maelezo mengi ya milipuko itokanayo na maji, na sijapata kusikia yakielezwa vizuri kama siku ile. Alisema mlima huu una hasira za aina mbili. Ya kwanza ni ya moto peke yake: lava hupanda, humwagika, hung'aa usiku, huganda. Ya pili ni moto ukikutana na maji. Ile mvua yote inayozama katika mwamba wa vitundu haiendi pwani tu. Nyingine hukaa ndani ya kilele, na nyingine hujikusanya katika sakafu ya kreta. Magma inapopanda hata ikakaribia maji hayo, au ikiyachemsha tu bila kuyagusa, maji hugeuka mvuke na kutanuka zaidi ya mara 1,000 ya ujazo wake. Mwamba hauwezi kustahimili, hupasuka na kurushwa juu ukiwa vumbi. "Sufuria yenye kifuniko kizito," alisema, na kama ni mwalimu angeniweka mimi nje ya kazi.

Historia ya chungu hicho inalingana na maelezo yake. Mwezi wa Julai 1991 mlipuko wa mvuke ulichimbua sakafu ya Chahalé, na baadaye likajitengeneza ziwa humo. Kwa karibu miaka 14 watalii walipiga picha za maji hayo ya kijani, wakiyaona pambo, kumbe ni baruti iliyokuwa ikilowekwa. Tarehe 16 Aprili 2005 mlima uliamka na mlipuko ukaanza. Majivu meusi yakaangukia upande wa mashariki wa kisiwa, maelfu ya watu wakakimbia vijiji vyao, na ziwa likatoweka, mahali pake pakaonekana lava inayochemka. Novemba mwaka huohuo ulitokea mlipuko wa pili, na safari hii majivu yalifika hadi Moroni. Mzee alikuwa Mvouni. Alisema mchana ulikuwa kama magharibi, na kuku waliingia bandani wakalala.

Lililofuata ndilo ninalotaka kila anayepanda Karthala aelezwe. Majivu hayakuwa mengi kiasi cha kuzika nyumba. Yaliingia mabirikani. Kisiwa kisicho na mto, kinachokunywa mvua ya paani, kikajikuta kila paa limefunikwa na vumbi la volkano na kila birika lililo wazi limechafuka. Zaidi ya watu 100,000 walibaki bila maji safi ya kunywa, katika kisiwa ambacho mvua haikupungua hata tone. Mwamba uleule unaokinyima kisiwa mito ndio ulioyahifadhi maji yaliyokuja kuulipua, na mlipuko huo ukaharibu akiba ndogo ya maji ambayo watu walikuwa nayo. Na haikuishia hapo, kwa kuwa majivu laini huziba vitundu vya ardhi, na mvua inayofuata, badala ya kuzama, huteremka juu kwa juu ikibeba matope na mawe. Wakazi wa Vouvouni walioshuhudia mafuriko ya Aprili 2012 wanaijua habari hiyo kuliko kitabu chochote.

Milipuko miwili iliyofuata ilikuwa ya hasira ya kwanza. Mwishoni mwa Mei 2006 lava ilijaa ndani ya Chahalé, anga juu ya mlima likawa jekundu usiku, watu wakaogopa, lakini ilibaki chunguni hadi ikaganda. Januari 2007 ikatoka tena kwa muda mfupi, pamoja na mitetemeko iliyosikika vijijini. Tangu hapo mlima umetulia, ukitoa mvuke kidogo tu katika nyufa, ambao tuliuona kwa macho na kuunusa kwa pua.

Kuhusu pua hiyo nina lalamiko zito. Katika shughuli nzima hakukuwa na kifaa cha kupima gesi, barakoa, wala kofia ngumu, na kijana mmoja wa wapagazi alitualika tushuke hadi karibu na nyufa zinazofuka kana kwamba anatualika jikoni. Mzee alimkemea, akatuzuia, akatuonyesha upepo unatoka wapi na mahali gani pa bondeni pasikaliwe. Alifanya vyema, lakini usalama wa wageni haufai kutegemea kwamba mzee mmoja alikuwa macho. Karthala imeshaua kwa gesi: mwaka 1903 watu 17 walikufa kwa kukosa hewa. Waswahili wa Kivu wana jina la mauti ya namna hiyo, mazuku, ile hewa nzito ya kaboni dioksidi inayolala mabondeni bila rangi wala harufu, na jina hilo limeingia katika istilahi za wanajiolojia duniani kote. Ajabu ni kwamba lugha iliyowapa wataalamu neno hilo haikutumika kutuonya sisi wasemaji wake. Karatasi ya maelekezo ilikuwa ya Kifaransa na ilizungumzia viatu.

Vilevile hakuna aliyetuambia kabla ya kupanda kwamba hali ya mlima imeulizwa. Mjini Moroni kipo kituo cha uangalizi wa Karthala, kilichoanzishwa mwaka 1988 chini ya taasisi ya taifa ya nyaraka na utafiti wa kisayansi, nacho hufuatilia mitetemeko, kwa maana Karthala kwa kawaida hubisha hodi: mitetemeko midogo huongezeka kabla ya mlipuko. Simu moja kwa kituo hicho asubuhi ya kuondoka haigharimu chochote. Nilipomuuliza wakala kama wanaipiga, alijibu kwamba mlima umelala.

Mzee naye alikosea mahali pamoja, na kwa kuwa nimemsifu sana ni haki nilitaje kosa hilo. Alituambia kuwa Karthala imetulia kwa sababu moto wake umehamia Mayotte. Anachokisema kinatokana na jambo la kweli. Mwezi wa Mei 2018 Mayotte ilianza kutikisika, tetemeko kubwa zaidi likifikia ukubwa wa 5.8, na mwaka uliofuata meli ya utafiti ikagundua volkano mpya sakafuni mwa bahari, takriban kilomita 50 mashariki ya kisiwa hicho, yenye kimo cha mita 820 kutoka chini yake. Leo inaitwa Fani Maoré. Ila kati ya Fani Maoré na Karthala kuna zaidi ya kilomita 200, na kila moja ina hifadhi yake ya magma. Mfereji wa kuhamisha moto kutoka huku kwenda kule haupo. Afadhali kuhesabu miaka. Kati ya mlipuko wa 1977 na wa 1991 ilipita miaka 14. Kati ya 1991 na 2005, miaka 14 tena. Kimya kilichoanza 2007 kimekwisha kuvipita vyote viwili. Hesabu hiyo haitabiri siku, kwa kuwa volkano haifuati kalenda, lakini inatosha kumnyamazisha anayesema mlima umelala. Nilimweleza Mzee hivyo kwa adabu, naye akatafakari, akasema atawauliza vijana wa kituo. Namwamini.

Sasa niyaseme maji. Karatasi ilisema maji ya kutosha. Wapagazi walikabidhiwa madumu mawili ya lita tano kwa watu sita na siku mbili. Hesabu hiyo haihitaji mwalimu. Juu ya Karthala hakuna chemchemi wala kijito cha kujazia chupa, kwa sababu nilizokwisha kueleza, na aliyekabidhi madumu hayo anaishi katika kisiwa hiki na anazijua. Asubuhi ya siku ya pili, baada ya chai na kahawa ya ukingoni, ilibaki nusu dumu. Tulishuka kwa zaidi ya saa sita tukigawana vifuniko vya chupa, mwenzetu mmoja akaanza kuumwa kichwa na kuona kizunguzungu, na Mzee, ambaye kwa umri wake ndiye aliyestahili kunywa kwanza, hakunywa kabisa hadi tulipoingia mashambani. Nilipopeleka malalamiko Moroni niliahidiwa kurejeshewa sehemu ya malipo, na hadi sasa sijarejeshewa.

Kwa hiyo hukumu yangu imegawanyika, na sioni namna ya kuiunganisha. Kiongozi anastahili nyota tano kati ya tano. Sijapata somo la volkano lililo bora zaidi, na ninalisema hilo nikiwa nimekaa madarasani maisha yangu yote. Wakala anastahili mbili: moja kwa wapishi, moja kwa mahema. Bei ya siku zote mbili haikufikia ile niliyowahi kulipa Kilimanjaro kwa siku moja, hivyo kwa upande wa fedha sina manung'uniko, ingawa ningelipa zaidi kwa furaha kama ziada hiyo ingekuwa madumu mengine manne. Atakayekwenda aende kati ya Mei na Oktoba, adai kuondoka kabla ya alfajiri, abebe nguo za baridi, na aone maji kwa macho yake, lita nne kwa mtu kwa uchache, kabla ya kupanda garini. Asiyeweza kutembea saa saba mfululizo juu ya mawe makali asijaribu. Na ikiwezekana aende Mvouni mwenyewe kumtafuta kiongozi, badala ya kumpitia mtu wa kati, wenyeji watamwelekeza.

Tuliposhuka, Mzee hakutuacha barabarani. Alitupeleka nyumbani kwake, akamwita mjukuu alete kata, akatupa maji ya birika, baridi na matamu, tukanywa hata tukaona haya. Birika lake lina kifuniko cha zege alichokimimina mwenyewe baada ya Novemba 2005, na tundu la mvua limefungwa chujio la wavu mara mbili. Alikifunua kifuniko kidogo akatumulikia kwa simu. Kwenye ukuta wa ndani, chini kidogo ya usawa wa maji, kulikuwa na mstari mwembamba mweusi uliozunguka pande zote. Alisema wanawe wamemwomba mara nyingi ausugue, naye amewakataza.